Wosia wa Kweli na Wosia wa Uongo

Mazungumzo na viongozi wa Jumuiya Ndogondogo za Kikristo, Kumsenga



Tumeombwa tuzungumze juu ya wosia, na hasa wosia unaopatikana kwa hila, kwa nguvu au kwa kughushi. Pengine baadhi yenu mnajiuliza kwa nini padri aache Injili na kushika mambo ya mahakama. Jibu letu ni kwamba hatukuyafuata mambo hayo. Yenyewe yametufuata mpaka mlangoni. Mara nyingi tunapomaliza kuzika, udongo wa kaburi haujakauka, tayari ugomvi umeanza nyumbani kwa marehemu. Kabla ya arobaini karatasi inatolewa mfukoni, inasomwa mbele ya ukoo, na mjane anaambiwa aanze kufunga mizigo yake. Mahali palipo na jambo kama hilo, Kanisa haliwezi kusema kwamba halikuona.

1. Kwa nini karatasi imepata nguvu

Huku kwetu Buha, tangu Kibondo hadi Kasulu, mali kubwa ya mtu ni ardhi: migomba nyuma ya nyumba, shamba la mihogo na maharage, na kwa wengine mibuni ya kahawa. Zamani mipaka ilijulikana kwa watu, si kwa hati. Kisha mwaka 1972 ikaja Operesheni Kigoma, tukahamishwa na kukusanywa vijijini. Wengi walionyeshwa mahali pa kujenga na kulima kwa kauli ya mdomo tu. Walioshuhudia ugawaji ule ni wazee, na wazee hao wanaondoka mmoja mmoja. Mzee anapoondoka bila neno lake kuandikwa, yule mwenye karatasi ndiye husikilizwa, hata kama karatasi yake ni ya uongo.

Tena tusisahau historia ya baba zetu. Wengi walikwenda umanamba katika mashamba ya mkonge ya Tanga na Morogoro. Walitia dole gumba kwenye mikataba wasiyoweza kuisoma, wakafungwa na maneno wasiyoyajua. Hofu ile ya karatasi bado imo ndani yetu. Tukiona mhuri na maandishi ya mashine, tunanyamaza. Leo tunataka tujifunze kuiuliza karatasi maswali.

2. Wosia ni nini

Wosia ni kauli ya mtu, aliyoitoa kwa hiari yake na kwa akili timamu, juu ya mali yake itakavyogawanywa baada ya kufa kwake. Yamo mambo matatu hapo: kauli ni yake, hiari ni yake, na akili imetulia. Likikosekana moja, wosia hauna msingi.

Kwa makabila yanayofuata ukoo wa baba, kama letu, taratibu za wosia wa kimila ziliandikwa mwaka 1963 katika Tangazo la Serikali namba 436. Wosia unaweza kuwa wa mdomo au wa maandishi. Wa mdomo unahitaji mashahidi wasiopungua wanne, wawili wa ukoo na wawili wasio wa ukoo. Wa maandishi, kama mtoa wosia anajua kusoma na kuandika, unahitaji mashahidi wasiopungua wawili, mmoja wa ukoo na mmoja wa nje; kama hajui, wasiopungua wanne. Zaidi ya hao, mke au wake waliopo nyumbani wakati huo nao washuhudie. Mashahidi wa wosia wa maandishi wawe wanajua kusoma na kuandika. Wosia uwe na tarehe, uandikwe kwa wino usiofutika, na mwenyewe atie sahihi, au dole gumba la mkono wa kulia kama hajui kuandika.

Watu wengi huona masharti haya kuwa usumbufu. Lakini tazameni busara iliyomo. Shahidi wa ukoo huzuia mgeni kuwadanganya wana ukoo; shahidi wa nje huzuia ukoo kumdhulumu mjane. Mke akiwapo, wosia hautungwi jikoni kwa shemeji.

Wako pia Wakristo ambao maisha yao mahakama huyaona yametengana na mila, na mirathi yao hufuata sheria ya zamani iliyotungwa India mwaka 1865 na kuletwa kwetu wakati wa Mwingereza. Sheria hiyo nayo inataka mashahidi wawili au zaidi. Tena inatamka wazi kwamba wosia, au sehemu yake, ukiwa umetokana na ulaghai, au shuruti, au ung'ang'anizi unaomnyima mtu uhuru wake, ni batili. Majirani zetu wa Kenya wameweka kanuni hiyo hiyo katika sheria yao ya mirathi.

3. Ulaghai

Ulaghai ni kumfanya mtoa wosia aamini uongo, na kwa sababu ya uongo huo agawe mali tofauti na vile ambavyo angeigawa. Mzee anaambiwa kwamba binti yake wa Dar es Salaam amefariki, kumbe yuko hai na anatuma barua zinazofichwa. Au anaambiwa, "Baba, tia dole hapa, ni karatasi ya pembejeo," kumbe ni wosia. Katika mfano wa kwanza mzee anajua anaandika wosia, lakini sababu yake ni ya uongo. Katika wa pili hajui hata anachokitia dole. Yote mawili ni ulaghai.

Mnakumbuka habari ya Isaka mzee, macho yamepofuka, anapapasa mikono iliyovishwa ngozi za mbuzi, naye anadhani amemshika Esau. Katika semina moja mzee mmoja alituuliza: "Padri, mbona baraka ile haikutenguliwa?" Ni swali zuri. Baraka ya babu wa taifa si hati ya mirathi, na Mungu ana njia zake. Lakini soma hadi mwisho uone gharama yake: Yakobo alikimbia nyumbani, mama yake hakumwona tena, naye akadanganywa na mjomba wake Labani kwa miaka mingi. Ulaghai ndani ya nyumba hauishii kwa aliyedanganywa.

4. Shuruti

Shuruti si lazima iwe panga shingoni. Mgonjwa anayelishwa na mtu mmoja tu, anayenyweshwa dawa na mtu huyo, anayezuiwa kuonana na wengine, anaweza kushurutishwa kwa sentensi moja: "Usipoandika, tutaona nani atakupeleka hospitali." Kuna pia ung'ang'anizi wa kila siku, asubuhi na jioni, mpaka mgonjwa anakubali ili aachwe alale. Kumshauri baba si kosa. Kumwomba si kosa. Kosa huanza pale ambapo jibu la "hapana" halipokelewi tena.

Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983, katika kanuni ya 125, inafundisha kwamba tendo lililofanyika kwa nguvu ya nje ambayo mtu hakuweza kabisa kuikataa huhesabiwa kuwa halikufanyika. Lililotokana na hofu kubwa isiyo ya haki, au na hila, laweza kutenguliwa na hakimu. Na hapa tujiseme wenyewe. Padri au katekista aliyekaa kando ya kitanda cha mgonjwa ana nguvu kubwa. Mgonjwa anaogopa mauti, naye anatutazama sisi. Kwa hiyo tusiandike wosia unaoliachia Kanisa kiwanja huku tumeshika Mafuta Matakatifu. Mkristo akitaka kulitolea Kanisa, na afanye hivyo akiwa mzima, mbele ya watu wake, kwa kufuata taratibu za serikali; kanuni ya 1299 yenyewe inatuelekeza kuzifuata.

Jamaa wa shuruti ni udhaifu wa akili. Kimila, wosia uliotolewa na mtu aliyelewa, aliyepatwa na hasira ya ghafla, au ambaye ugonjwa umemwondolea akili, hausimami. Wala fedha hazimkingi mtu na jambo hili. Mwezi Mei 2021 Mahakama Kuu, Dar es Salaam, iliukataa wosia uliosemwa kuwa wa mfanyabiashara Reginald Mengi, aliyefariki mwaka 2019. Miongoni mwa sababu zilizotajwa ni hali ya akili yake baada ya kupatwa na kiharusi, na watoto kunyimwa urithi bila sababu kuelezwa. Mila nayo inadai vivyo hivyo: anayemnyima mrithi wake amtaje, aseme sababu, na huyo apewe nafasi ya kujitetea.

5. Kughushi

Kughushi ni kutengeneza hati ya uongo kwa nia ya kudanganya. Katika ulaghai na shuruti, mkono ni wa mtoa wosia, ila hiari si yake. Katika kughushi hata mkono si wake. Wosia wa kughushi haukuwa wosia hata siku moja.

Mnaijua habari ya Nabothi na shamba lake la mizabibu. Alikataa kuuza urithi wa baba zake. Malkia Yezebeli akaandika barua kwa jina la mfalme, akazitia mhuri wa mfalme, akapanga mashahidi wa uongo, na Nabothi akapigwa mawe. Hati ya uongo, mhuri wa kweli, mashahidi wa kununuliwa: hakuna kipya chini ya jua katika biashara hii.

Wala Kanisa halikusalimika. Kwa karne nyingi ilitumika hati iliyosema kwamba Kaisari Konstantino alimpa Papa Silvesta mamlaka juu ya Roma na nchi za Magharibi. Mwaka 1440 Lorenzo Valla, mtaalamu wa Kilatini, alionyesha kwamba ni ya kughushi. Hakuwa na mashine yoyote. Aliisoma tu kwa makini, akakuta humo maneno ambayo watu wa wakati wa Konstantino hawakuyatumia. Nasi tunaweza kufanya hivyo. Mzee aliyesema Kiha maisha yake yote anawezaje kuacha wosia wenye Kiswahili cha makarani wa mjini?

Tuwasimulie jambo lililotupata. Kijiji, mwaka na majina tumeviacha kwa makusudi. Alifariki mzee mmoja, tukamzika. Baada ya wiki chache ulitokea wosia uliopigwa kwa mashine, wenye tarehe ya miezi miwili kabla ya kifo, unaompa mwana mmoja mashamba yote. Chini yake palikuwa na sahihi ya marehemu na majina ya mashahidi sita. Mjane alikuja kwetu na binti zake wawili. Sisi tulikuwa tumechoka na magomvi ya ukoo ule. Tukamshauri akubali yaishe, kwa ajili ya amani. Mama yule alituangalia, akasema: "Baba Paroko, amani ya nani?" Kisha akaondoka.

Neno lile lilitunyima usingizi. Kesho yake tuliomba kuiona karatasi yenyewe, na miongoni mwa mashahidi tukakuta jina letu na sahihi yetu. Sahihi ilikuwa ya kweli! Tulikaa nayo muda mrefu mpaka tukakumbuka: siku ya matanga ilipitishwa karatasi ya kuandika majina ya waliofika, nasi tuliandika kama wengine. Sehemu ya juu iliachwa wazi, na baadaye ndiyo iliyojazwa wosia. Kwa hiyo mashahidi sita walikuwa wa kweli, na hati ilikuwa ya uongo.

Sahihi ya marehemu je? Tulifungua daftari la ndoa la parokia. Penye jina lake palikuwa na dole gumba, si sahihi, kwa kuwa hakujua kuandika. Tulikwenda Mahakama ya Mwanzo tukaeleza tuliyoyajua, pamoja na aibu yetu. Mashahidi wengine watatu walisema hivyo hivyo. Hakimu aliukataa wosia ule. Tunasimulia haya si kwa kujisifu, maana sifa ni ya mama yule aliyekataa amani ya bei rahisi. Tunasimulia ili muone jinsi sahihi safi inavyoweza kukaa chini ya uongo, na jinsi mchungaji anavyoweza kuubariki uongo huo kwa uchovu tu.

6. Mbele ya sheria

Kughushi wosia si ugomvi wa kifamilia, ni jinai. Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kifungu cha 338, inaweka adhabu inayoweza kufika kifungo cha maisha kwa mwenye kughushi wosia au hati ya umiliki wa ardhi. Kifungu cha 342 kinampa adhabu ile ile anayeitumia hati hiyo kwa hila akijua ni ya uongo. Kwa hiyo yule mjomba anayesema, "Mimi sikuandika, nimeipeleka tu," ajiangalie.

Hata hivyo, tusimwite mtu mghushi kwa chuki. Mwenye kuleta wosia ndiye anayepaswa kuonyesha kwamba ulitolewa kwa haki. Lakini anayedai kwamba kuna hila hana budi kuleta ushahidi mzito. Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilisema mwaka 1957 kwamba madai ya hila yanahitaji uthibitisho uliozidi ule wa madai ya kawaida. Ushahidi huo hupatikana wapi? Katika karatasi za zamani zenye dole au sahihi ya marehemu: daftari la ndoa, kadi ya chama cha ushirika, kitabu cha benki. Katika cheti cha hospitali kinachoonyesha alilazwa siku ile anayosemwa aliandika. Kwa mashahidi, kila mmoja akiulizwa peke yake: nani alikuwapo, walikaa wapi, nani aliandika. Na kwa wataalamu wa maandishi wa Jeshi la Polisi, endapo mahakama itaelekeza.

Wosia unaotiliwa shaka upingwe mapema, mirathi inapofunguliwa. Kama msimamizi amekwisha kuteuliwa kwa kuificha kweli, uteuzi huo waweza kutenguliwa. Sheria ya Mirathi, Sura ya 352, inataja hila na kuficha jambo la maana kuwa sababu. Asiyeridhika na Mahakama ya Mwanzo akate rufaa Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30. Kuchelewa kumewapotezea wengi haki yao.

7. Baada ya uongo kuondolewa

Hapa tunafika mahali pagumu. Wosia ukibatilika, mali hurudi kugawanywa kwa wosia wa awali ulio halali, kama upo. Na kama haupo, kana kwamba marehemu hakusema neno. Na kwa mjane anayefuata mila hiyo si lazima iwe nafuu. Kanuni za urithi za 1963 hazimpi mjane fungu lake kama ndugu wa ukoo wa mume wapo; zinamwachia atunzwe na watoto wake. Binti naye huwekwa nyuma ya kaka zake. Mama wa habari yetu alishinda kesi ya wosia, kisha ikabidi tukae na ukoo siku nyingi kabla hajahakikishiwa nyumba yake na shamba la kulima.

Kuna mwanga fulani. Huko Kagera, Bi Holaria Pastory alirithi shamba la ukoo kutoka kwa baba yake kwa wosia halali, akaliuza mwaka 1988. Mpwa wake alishitaki akidai kuwa mwanamke hana haki ya kuuza ardhi ya ukoo. Mwaka 1990 Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu, Mwanza, aliamua kwamba haki za kuuza ni sawa kwa mwanamke na mwanamume, kwa kuwa Katiba inakataza ubaguzi. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 nayo inabatilisha mila inayomnyima mwanamke, mtoto au mlemavu haki ya kupata ardhi. Na mwaka 2015 kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia haki za wanawake iliiambia Tanzania kwamba kanuni zile za urithi zilikuwa zimewadhulumu wajane wawili walioleta malalamiko.

Lakini angalieni lililomsaidia Bi Holaria tangu mwanzo: baba aliyesema wazi, kwa wosia halali, kwamba binti yake arithi. Kwa hiyo kupinga wosia wa uongo ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kuandika wa kweli.

8. Mambo ya kufanya

Baba na mama, andikeni wosia mkiwa wazima, wakati bado mnatembea kwenda shambani. Wake wajue. Mashahidi wasiwe wale wanaorithi peke yao. Kila ukurasa utiwe sahihi au dole, na pasiachwe nafasi wazi. Asiyejua kusoma asomewe kwa lugha anayoielewa, mbele ya mashahidi wote. Nakala ziwekwe mahali tofauti. Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini, yaani RITA, nao hupokea wosia na kuuhifadhi. Tangu Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, wasaidizi wa kisheria wanatambulika. Wasio na uwezo wawatafute hao kabla ya kumlipa mpiga chapa wa mtaani.

Na sisi tulio viongozi, tusitie sahihi karatasi tupu, hata msibani. Karatasi ya mahudhurio iwe na kichwa na tarehe, na mstari upigwe mwishoni.

9. Kumalizia

Ndugu zetu, aliyekufa hawezi tena kujitetea. Kauli yake ya mwisho imebaki mikononi mwa walio hai, na anayeibadilisha amemwibia mtu aliyelala kaburini, pamoja na mjane aliye hai. Mila yetu inatufundisha kuheshimu wafu. Hatuwaheshimu kwa ng'ombe wa matanga tu. Tunawaheshimu kwa kuyaacha maneno yao yabaki yao. Na yeyote mwenye karatasi ya namna hiyo sandukuni, muda wa kuirudisha haujapita. Aje, tuongee.

Maswali ya kujadili katika jumuiya

1. Je, katika jumuiya yetu yuko mjane au yatima aliyeondolewa kwenye mali kwa wosia wenye shaka? Tumemsaidiaje?
2. Ni lini tuliwahi kumwambia mtu akubali dhuluma "kwa ajili ya amani"?
3. Ni wangapi kati yetu tumeandika wosia? Ni kitu gani kinatuzuia?